Kama Mzazi

Mama ndiye aliyenitia ule wasiwasi, na mpaka leo sijui nimshukuru au nimnunie.

Nilikuwa nimerudi kutoka lango la hospitali, miguu imekufa ganzi, bango la mgomo bado liko kwapani. Sisi wauguzi tulikuwa wiki ya tatu nje. Nikamkuta Mama amesimama katikati ya sebule, rimoti mkononi, uso umemshuka.

"Krista," akasema, "Garrett ana mtoto?"

"Mtoto gani?"

"Mimi ndiye nakuuliza."

"Mama, nimechoka. Garrett hana mtoto, hana mke, hana hata paka. Nani kakwambia?"

"Kasema mwenyewe. Sasa hivi, kwenye taarifa ya habari."

Nilicheka. Kwa kweli nilicheka, nikaketi kuvua buti. Lakini Mama hakucheka, na Mama si mtu wa kukosa neno la Garrett Lindahl. Pale Marlow Harbor ikifika saa kumi na mbili jioni, nusu ya akina mama huzima majiko ili wasiunguze chakula wakimtazama. Mtangazaji wa Chaneli ya Sita! Sauti ile, macho yale ya kijivu, ile tabia yake ya kunyamaza kidogo kabla ya habari mbaya kana kwamba imemfika yeye. Mji mzima ulimjua yeye wa kwenye kioo. Mimi kwa mwaka mzima nilikuwa na yule mwingine, anayekoroma, anayepika mayai yakashika sufuria.

Jumapili iliyopita alinipeleka kwenye mnara wa taa. Upepo wa Ziwa Michigan unatukata masikio, yeye akavua kofia, akapiga goti juu ya mawe yenye utelezi, akaniomba niwe mke wake. Moyo ulisema ndiyo palepale. Mdomo ukasema, "Ijumaa. Njoo tule samaki na wazazi wangu, nikujibu mbele yao." Nilitaka Baba asikie kwa masikio yake. Baba, Norbert Zelinski, alifanya kazi kiwanda cha karatasi mpaka mgongo ukakataa, na alikuwa mtu wa chama cha wafanyakazi tangu ana nywele. Alikuwa akisema hamwamini mwanamume anayepakwa poda kabla ya kwenda kazini.

"Hebu nionyeshe alichosema," nikamwambia Mama.

Tukaitafuta kwenye simu. Ilikuwa mwisho wa taarifa, pale wanapotoa maoni ya kituo. Garrett alikuwa ametazama kamera moja kwa moja, mkono ameuweka kifuani.

"Mimi kama mzazi," akasema kwa ile sauti, "kila nikiweka kichwa kwenye mto najiuliza: mwanangu akiugua, nani atamshika mkono? Wauguzi wetu wanaogoma, wanamtumikia mgonjwa, au wanakitumikia chama kinachotaka kura zetu mwezi ujao?"

Nikairudia. Nikairudia tena.

"Umesikia?" Mama akanong'ona. "Mwanangu. Kasema mwanangu."

Nitasema ukweli wangu, anayetaka kunicheka anicheke. Alikuwa ametutukana hadharani, mimi na wenzangu tunaosimama kwenye baridi tukiomba tu tuongezwe watu wodini, ili muuguzi mmoja asiachiwe watoto mahututi chungu nzima. Alitufanya vibaraka wa wanasiasa. Na bado kilichonichoma kwanza hakikuwa hicho. Kilichonichoma ni mtoto. Nilimwona kabisa akilini, kasichana kenye macho ya kijivu, na pembeni yake mwanamke mrefu, mzuri, aliyenitangulia.

Nikampigia. Hakupokea. Baadaye ukaingia ujumbe: "Niko studio. Tuongee kesho. Nakupenda."

"Nakupenda!" nikasema kwa sauti. "Anipende na nani?"

Basi shaka ikiingia haiji peke yake. Kwa nini kila Jumapili ya pili alikwenda Milwaukee? Anamwona baba yake, alisema, kwenye nyumba ya wazee. Baba yake yupi, mbona sijawahi kupelekwa? Na ile penseli ya rangi niliyoikuta chini ya kiti cha gari lake? Alisema alitembelea shule, watoto wakamchorea picha. Wakati ule niliona ni jambo la kupendeza. Sasa niliona nimefanywa mjinga.

"Kaa kimya, usimwambie mtu," nikamwapisha Mama. "Si Baba, si mama mdogo Arlene akifika. Nitamuuliza mwenyewe, uso kwa uso."

"Mbele ya samaki?"

"Mbele ya samaki."

* * *

Ijumaa ukumbi wa chini wa kanisa la Mtakatifu Casimir ulijaa watu waliokuja kula samaki wa Ijumaa, kama kawaida, moshi wa mafuta umetanda mpaka kwenye picha za mapadri wa zamani. Baba alikwishaagiza: samaki wa kukaanga, chapati za viazi na rojo la tufaha, kachumbari ya kabichi, mkate mweusi. Mama mdogo Arlene, mdogo wake Mama, alikuwa amefika jioni ile kutoka Iowa, na kama kila mwaka alidai kwao hakuna anayejua kukaanga samaki.

"Yuko wapi huyo bwana harusi?" akauliza, brandi yake mkononi, katunda ka cheri kanaelea juu. "Nimeendesha gari siku nzima kuja kumwona."

"Anakuja akimaliza taarifa," nikasema. "Ana nafasi kidogo kabla ya ile ya saa nne."

"Na wewe mbona umekunja uso? Mtu anayeposwa hukaa hivyo?"

"Njaa, mama mdogo."

Garrett akaingia, poda bado iko kwenye ukosi. Ikawa kama siku zote, vikongwe viwili vikamkamata mkono vikitaka picha. Lakini kwenye meza iliyo karibu na mlango walikaa wauguzi wenzangu, na alipowasalimu waligeuza viti vyao, mmoja baada ya mwingine, wakampa migongo. Akanitafuta kwa macho, akanipata, akatabasamu lile tabasamu la pembeni ambalo halionekani kwenye kioo. Mungu wangu, nilivyompenda mtu yule! Nilitamani nimkimbilie na nimzabe kibao, vyote kwa mara moja.

"Baba, shikamoo," akasema. "Mama. Na huyu lazima awe mama mdogo."

"Marahaba," Baba akajibu bila kuinua macho kwenye sahani. "Kaa. Wanasema jana ulikuwa na maneno."

"Baba, tule kwanza," nikasema.

"Mimi nakula. Nimekuzuia?"

Garrett akakaa pembeni yangu, akanishika mkono chini ya meza. Nikauondoa. Akanitazama.

"Kuna nini?"

"Kula samaki."

"Krista."

"Nimesema kula."

Akachukua uma, akauweka. Mama alikuwa ananikodolea macho, kidevu kinanisukuma: muulize, muulize. Mama mdogo naye amegundua kuna jambo, anatutazama mmoja mmoja huku anatafuna taratibu. Nikaona nikisubiri nitapasuka.

"Garrett, una mtoto?"

Uma wa Baba ukasimama hewani.

"Nina nini?"

"Mtoto. Binadamu mdogo. Wa kwako."

"Sina!" Akacheka kidogo, akaona sicheki, akaacha. "Krista, sina mtoto. Hilo limetoka wapi?"

"Limetoka kinywani mwako. Jana, mbele ya mji mzima. 'Mimi kama mzazi.' 'Mwanangu akiugua.' Mwanao nani?"

Nilitegemea akasirike, au aape. Angeapa ningejua la kufanya. Lakini uso wake ulibadilika kwa namna ambayo sikuwahi kuiona, ukawa mwekundu kuanzia shingoni kwenda juu, akachukua glasi ya maji akanywa yote.

"Ilikuwa… ni namna ya kusema tu," akasema.

"Namna ya kusema una mtoto?" Mama akadakia. Kiapo chake kilikuwa kimekwisha. "Mimi nimemlea huyu na kaka zake wawili, nimezaa kwa uchungu. Sijawahi kusikia uzazi ukawa namna ya kusema."

"Mama, tafadhali, naomba mniamini. Sina mtoto popote."

"Na Milwaukee?" nikasema.

"Milwaukee yuko baba yangu! Amesahau jina langu, Krista. Sikutaka umwone vile."

Sauti yake ilikatika, na mimi nikaanza kulegea. Lakini bado hakunitazama machoni. Mtu asiye na mtoto, anayesema ana mtoto, halafu hataki kueleza kwa nini, utamwelewaje?

"Ngoja kwanza," mama mdogo Arlene akasema. "Mimi nimepitwa. Alisema nini hasa?"

Mama hakuhitaji kuambiwa mara mbili. Akaweka mkono kifuani, akajaribu hata ile sauti. "Alisema hivi: 'Mimi kama mzazi, kila nikiweka kichwa kwenye mto…'"

"'…najiuliza, mwanangu akiugua, nani atamshika mkono,'" mama mdogo akamalizia.

Tukamgeukia wote.

"Kumbe ulimsikia?" Mama akauliza.

"Nimsikie wapi? Huyu namwona leo. Hayo aliyasema mtangazaji wetu wa kike kule Iowa, Jumanne. Neno kwa neno. Hata mkono aliuweka hapohapo." Akamtazama Garrett, kisha samaki wake, kisha Garrett tena. "Ila yule ana mapacha, tunawajua. Tena nilishangaa sana siku ile. Alikuwa anawalaumu wauguzi wetu wanaogoma, na kwetu hakuna muuguzi hata mmoja aliyegoma. Nikajiuliza, huyu anamsema nani?"

Mambo yalikuwa yananipangika kichwani, pole pole, na kila lilipokaa mahali pake liliuma.

"Nani ameandika?" Baba akauliza.

"Makao makuu," Garrett akasema, macho mezani. "Kampuni inayomiliki kituo. Ina vituo nchi nzima. Maoni yanaletwa kila wiki, yamekwishaandikwa, yanapita kwenye kioo mbele ya kamera, na sisi tunasoma. Ni lazima. Kubadili neno haturuhusiwi, wala kusema si letu."

"Wala kufuta 'mzazi'?" nikauliza.

"Wala kufuta mzazi."

"Loo!" mama mdogo akasema, akamaliza brandi yake.

Baba akafuta mikono kwa karatasi, kidole kimoja kimoja. "Kijana, mimi sijasoma sana. Nilidhani humpendi mwanangu kwa sababu ya mgomo, nikasema sawa, kila mtu na mawazo yake, nitabishana naye. Sasa nabishana na nani?"

Garrett akasimama. Akasema, "Samahanini," akaelekea ngazi za kutokea nje, na wale wauguzi wakamtazama akipita, na safari hii hakuna aliyegeuza kiti.

"Mfuate," Mama akasema. "Si hana mtoto?"

* * *

Nilimkuta kwenye maegesho, ameegemea gari lake, koti wazi. Kulikuwa na baridi na majani makavu yalikuwa yanazunguka chini ya taa.

"Funga koti, utaugua," nikasema. Uuguzi hauniachi hata nikiwa na hasira.

"Nilitaka kukwambia."

"Lini? Harusini?"

"Ningekwambia nini, Krista? Kwamba yule unayejivunia ni kasuku? Mama yako ananitazama kama… Mji mzima unaniamini. Nilishindwa kukwambia wewe kwamba maneno si yangu. Nilikuwa radhi udhani chochote."

"Hata nidhani kwamba una mtoto?"

"Kwa muda, pale mezani, ndiyo. Nilifikiri hilo lingekuwa na aibu ndogo zaidi."

Niliketi juu ya ngazi. Ajabu ni kwamba ule wivu ulikuwa umeondoka wote, kale kasichana na mama yake mrefu wametoweka, na mahali pao pamekaa kitu kibaya zaidi. Nilikuwa najiuliza kuhusu kila alichowahi kuniambia. Yale ya kwenye mnara wa taa, yaliyonitoa machozi, nilikuwa nayarudia moja moja kama mtu anayekagua noti kwenye mwanga.

"Jumapili," nikasema, "uliniambia nikiingia mahali moyo wako unapata nyumba. Hilo ulilisoma wapi?"

"Usinifanyie hivyo."

"Nakuuliza. Ulilisema vizuri sana. Ulinyamaza kidogo katikati, kama unavyonyamaza kabla ya habari za ajali. Nitajuaje, Garrett? Nifundishe. Mimi nitajuaje lini ni wewe?"

Akafungua mdomo, akaufunga. Yule mtu ambaye hajawahi kukwama mbele ya kamera alikuwa amekwama. Akasugua uso kwa viganja, poda ikamtoka na kumwacha na mabaka.

"Unanuka ile dawa ya kuoshea mikono," akasema mwishowe. "Ya wodini. Hata ukioga. Mwanzoni nilikuwa siipendi. Sasa wiki hizi tatu hunuki, na mimi… juzi nilikwenda dukani nikanunua chupa, nikaimimina mkononi, nikakaa nayo jikoni. Sijui. Ni ujinga."

Moyo wangu uliruka jamani. Hakuna kampuni duniani ingeandika maneno yale. Nikainuka, nikamfunga vifungo vya koti mwenyewe, kimoja kimoja, na yeye akaegemeza paji lake la uso kwenye nywele zangu. Tukakaa hivyo. Jibu la Ijumaa lilikuwa limefika mpaka kwenye ulimi. Ningelitamka, ningekuwa mke wake sasa.

Lakini nilikuwa nimekwishaanza kuuliza, na mtu aliyeanza kuuliza huona kila jambo lina upande wa pili.

"Unaamini tunatumiwa na chama?" nikamuuliza kifuani mwake.

"Hapana."

"Uliwahi kuniuliza tunagomea nini?"

"Uliniambia. Watoto wengi, wauguzi wachache. Yule mvulana wa kitanda cha dirishani."

"Kwa hiyo ulijua. Uliyasoma yale maneno huku unajua."

Nikahisi mwili wake umekaza.

"Yanarudiwa leo?" nikauliza.

"Krista…"

"Saa nne. Yanarudiwa?"

"Yanarudiwa mpaka Jumapili. Sikiliza, nikikataa mimi atasoma mwingine. Kesho nitakuwa nje, na mkataba unanizuia kufanya kazi kituo kingine chochote cha hapa. Tutaishi wapi? Na baba yangu je, kule Milwaukee? Baada ya uchaguzi haya yote yatatulia. Ni dakika moja tu, mpenzi. Watu hata hawasikilizi."

"Mama alisikiliza. Vikongwe vilivyokupiga picha vilisikiliza. Leo asubuhi mwanamke aliteremsha dirisha la gari pale langoni akanitemea mate, akaniuliza chama kinanipa nini. Nilidhani ni mwendawazimu. Kumbe alikuwa amekutazama wewe."

"Sikujua hilo."

"Sasa umejua." Nikarudi nyuma hatua moja ili nimwone vizuri. "Sikuulizi kuhusu mkataba. Sikuulizi baada ya uchaguzi. Nakuuliza kitu kimoja. Leo saa nne, ukikaa kwenye kile kiti, mkono utauweka kifuani?"

Nilimwomba Mungu Garrett adanganye. Hilo ndilo linaloniaibisha. Mimi niliyekuwa nadai ukweli tangu jana, pale chini ya taa nilitamani aniambie uongo mmoja mzuri kwa ile sauti yake, niufumbie macho, niolewe.

Macho yale ya kijivu yakanitazama, safari hii bila kukwepa.

"Nitauweka," akasema.

Hakunyamaza kabla ya kulisema, wala sauti hakuipamba. Lilitoka kavu, la kwake mwenyewe.

"Asante kwa kuniambia," nikasema. "Na mimi nilikuahidi jibu leo. Jibu ni hapana, Garrett."

Alisogea kidogo, kana kwamba anataka kunishika, akaacha. Machozi yakamjaa, ya kweli, niliyajua ni ya kweli, na sikuweza kumfuta. Halafu akatazama saa yake. Ilibidi arudi mapema, maana poda ilikuwa imemtoka usoni na walitakiwa kumpaka upya.